Dawa ya Deni kwa Vijiko: Tunapima Agizo la Korti la Kulipa kwa Awamu

Dalali akishafika langoni na karatasi yenye orodha ya makochi, friji, televisheni na gari, wengi huona njia mbili tu: kutoa hela zote leo, au kusimama kando mali ikipakiwa kwenye lori. Nchini Kenya iko njia ya tatu, na imejificha ndani ya kanuni moja fupi: Amri ya 21, Kanuni ya 12 ya Kanuni za Utaratibu wa Kesi za Madai za mwaka 2010. Kanuni hiyo inaipa mahakama uwezo wa kuagiza deni la hukumu lilipwe kwa awamu, au malipo yaahirishwe, badala ya mali kunadiwa.

Hapa tunaipima kama tunavyopima huduma yoyote: inafanya nini, inagharimu nini, inaharibikia wapi, na ni nani asijisumbue nayo. Alama yetu ni nyota tatu na nusu kati ya tano. Inapofanya kazi, inafanya kazi vizuri sana: mali inabaki nyumbani, duka halifungwi, na mdai anapata pesa nyingi kuliko ambazo angepata mnadani. Nyota zilizopungua zimepotea kwenye bei ya kuingilia, maana anayefika mikono mitupu hafunguliwi, na kwenye kile kifungu kidogo mwishoni mwa agizo kinachosema awamu moja ikikosekana, dalali anarudi.

Kwanza tuondoe dhana moja. Agizo hili halipunguzi deni. Watu hulichanganya na msamaha, au na ile mipango ya benki ya kurefusha mkopo. Hukumu inabaki ilivyo, gharama za kesi zinabaki, na riba mara nyingi inaendelea kukimbia. Dawa ya deni ni kulipa. Mahakama inachofanya ni kukupimia kijiko.

Milango miwili ya kuingilia

Kanuni ya 12 ina sehemu mbili, na tofauti yake ni kubwa kuliko inavyoonekana.

Sehemu ya kwanza hutumika siku ile ile hukumu inapotolewa. Hakimu anaweza, kwa sababu ya kutosha, kuandika ndani ya hukumu yenyewe kwamba pesa zitalipwa kwa awamu, iwe kwa riba au bila riba, hata kama mkataba wenu ulisema vingine. Huu ndio mlango wa bei nafuu. Hakuna ombi jipya la kuandikwa, hakuna dalali wa kulipwa, hakuna mbio. Mdaiwa anayejua fika kwamba anadaiwa anakubali deni, anaeleza hali yake na kutoa pendekezo. Tatizo ni kwamba wengi hawamo kortini siku hiyo. Waliletewa hati za kesi, wakaziweka juu ya kabati, muda wa kujibu ukapita, hukumu ikatolewa bila wao. Kwa maoni yetu hilo ndilo kosa ghali kuliko yote katika safari hii nzima, na hakuna wakili anayeweza kulirudisha nyuma bure.

Sehemu ya pili ndiyo inayotumiwa na wengi: hukumu imeshatoka, mdai ameanza kuitekeleza, na mdaiwa anaomba awamu. Hapa Kenya ina jambo ambalo jirani yake hana. Mahakama inaweza kukubali ombi kwa idhini ya mdai, au bila idhini yake iwapo sababu ya kutosha imeonyeshwa. Tanzania, katika Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33, Amri ya XX, Kanuni ya 11, hukumu ikishatoka idhini ya mshinda kesi inahitajika. Kwa hiyo ushauri wa binamu aliye Tanga haumfai mtu wa Mombasa, wala wa Mombasa haumfai wa Tanga. Tanga utamsihi mdai. Mombasa, mdai akikataa, bado una wa kumsihi.

Nini hasa ni sababu ya kutosha

Mawakili wa Kenya hadi leo huitaja kesi ya Keshavji Jethabhai iliyoripotiwa mwaka 1959 katika ripoti za kesi za Afrika Mashariki. Misingi inayonukuliwa kutoka humo ni michache na iko wazi. Kila kesi hutazamwa kwa hali yake. Kushindwa kulipa zote kwa mkupuo si sababu ya kutosha peke yake. Mdaiwa aonyeshe nia njema kwa kulipa mapema sehemu ya deni inayoeleweka. Na haki ya mdai ya kupata pesa zake bila kuzungushwa haiwekwi pembeni.

Soma tena huo wa pili, kwa sababu maombi mengi hufia hapo. Hati ya kiapo inajaa kurasa za "biashara imekuwa ngumu", "nina watoto watatu shuleni", "uchumi umeharibika", halafu inaishia hapo. Hakimu anayasoma hayo kila wiki. Kinachomgeuza ni pesa iliyokwisha kuwekwa mezani. Hakuna asilimia iliyoandikwa kwenye sheria, lakini ombi linaloambatana na risiti ya robo au theluthi ya deni liko mbali sana na ombi linaloahidi kuanza mwezi ujao. Ushauri wetu kwa mdaiwa mwenye akiba ndogo: kabla hujamlipa mtu kukuandikia ombi, mpelekee mdai sehemu ya pesa, tena kwa njia inayoacha ushahidi.

La pili linaloua maombi ni hesabu. Chukua deni la shilingi 1,000,000 lenye riba ya asilimia 12 kwa mwaka, kiwango kilichozoeleka kortini. Riba peke yake ni shilingi 120,000 kwa mwaka, yaani 10,000 kwa mwezi. Mdaiwa anakuja na pendekezo la 5,000 kwa mwezi. Hata tukiisahau riba, deni lingechukua miezi 200, zaidi ya miaka 16. Tukiikumbuka, malipo hayo yanafunika nusu tu ya riba, na deni linakua kila mwezi huku mtu anadai kwamba analipa. Pendekezo la namna hiyo si la kukataliwa tu. Linamwaminisha hakimu kwamba mwombaji anamchezea.

Sasa tazama pendekezo lililosimama. Hukumu na gharama ni 480,000. Mdaiwa analipa 120,000 kwanza, zinabaki 360,000. Anaomba kulipa 30,000 kwa mwezi kwa miezi 12. Riba ya asilimia 12 kwa baki linalopungua inaanza na 3,600 mwezi wa kwanza, inashuka 300 kila mwezi, na jumla yake inakuwa 23,400. Anaongeza awamu ya 13 ya kiasi hicho na kazi imeisha. Mtu huyo huyo akiomba kulipa 10,000 kwa miezi 36, riba inapanda hadi 66,600. Hiyo ni iwapo riba imewekwa pembeni ilipwe mwisho. Ikiwa kila awamu inalipa riba kwanza, ile 10,000 ya mwezi wa kwanza inapunguza deni kwa 6,400 tu. Ndiyo maana tunasisitiza agizo liseme waziwazi riba inahesabiwaje. Hukumu isiyosema lolote kuhusu riba baada ya kutolewa, kifungu cha 26 cha Sheria ya Utaratibu wa Kesi za Madai kinaichukulia kuwa na asilimia 6 kwa mwaka. Tofauti ya 6 na 12 kwa mdaiwa wa awamu ndefu ni pesa ya maana, kwa hiyo soma hukumu yako kabla ya kupiga hesabu.

Saa inayokimbia

Ukishaletewa hati ya kuorodhesha mali, ile ambayo mawakili huiita proklamesheni, uko ndani ya Kanuni za Madalali za mwaka 1997. Kwa vitu vinavyohamishika, Kanuni ya 12 ya kanuni hizo inamtaka dalali aorodheshe kila kitu pamoja na thamani na hali yake, mwenye mali au mtu mzima aliyemo nyumbani atie saini, kisha mwenye mali apewe siku saba za kukomboa mali kwa kulipa. Siku hizo zikiisha, mali inaweza kuondolewa. Mnada haufanyiki kabla ya siku saba kupita tangu tangazo la kwanza gazetini. Kwa ardhi na nyumba, Kanuni ya 15 inatoa siku 45 za kukomboa.

Siku saba zinatosha, lakini kwa taabu. Siku mbili za kwanza hupotea kwa mshtuko na simu kwa jamaa. Ya tatu mtu anatafuta wakili. Ya nne wakili anatafuta faili. Kwa hiyo anayeomba awamu asingoje dalali. Hukumu ikitoka tu, ombi linaweza kuingia. Na kusaini ile orodha si kukubali kwamba deni ni halali wala kwamba thamani zilizoandikwa ni sahihi. Kukataa kusaini hakuzuii chochote. Jambo la maana ni kubaki na nakala na kuangalia thamani: gari la shilingi 700,000 likiandikwa 150,000, sema mapema, kwa maandishi.

Kuna vitu ambavyo dalali hapaswi kuvigusa. Kifungu cha 44 cha Sheria ya Utaratibu wa Kesi za Madai kinalinda nguo za lazima, vyombo vya kupikia, vitanda na malazi ya mdaiwa na familia yake, zana za kazi anazohitaji kwa riziki yake, na vitabu vya hesabu. Mkulima analindwa mifugo ya thamani ya shilingi 10,000 za kwanza, kiwango ambacho leo hakifiki hata mguu wa ng'ombe wa maziwa. Na ikiwa makochi ni ya mke au gari ni la ndugu, agizo la awamu silo chombo cha kutumia: mwenye mali ndiye anayeweka pingamizi chini ya Amri ya 22, Kanuni ya 51, kwa jina lake, akiwa na risiti au kitabu cha gari.

Ombi lenyewe

Ombi huandikwa chini ya Amri ya 51, Kanuni ya 1, pamoja na Amri ya 21, Kanuni ya 12, na mawakili wengi huongeza vifungu vya 1A, 1B na 3A vya Sheria ya Utaratibu wa Kesi za Madai. Mnada ukiwa karibu, linaambatana na hati ya dharura ili hakimu alitazame siku hiyo au kesho yake. Linaingizwa kwa mfumo wa mtandao wa Mahakama na kulipiwa kidijitali. Nairobi imekuwa hivyo tangu Julai 2020. Ada ya korti si kubwa ukiilinganisha na kinachookolewa. Gharama halisi ni wakili, ada za dalali na riba.

Omba mambo mawili na uyatenganishe: zuio la muda la kusimamisha mnada hadi ombi lisikizwe, na agizo lenyewe la awamu. Tumeona rasimu nyingi zinazoomba la pili na kulisahau la kwanza. Zinapangiwa tarehe wiki tatu mbele, na wiki ya pili nyumba haina kochi.

Uzito wote wa ombi uko kwenye viambatisho vya hati ya kiapo. Weka stakabadhi za mshahara au taarifa ya benki ya miezi sita, taarifa ya M-Pesa ya kipindi hicho hicho kwa mfanyabiashara mdogo, mkataba wa nyumba, karo, mikopo mingine yenye makato, na jedwali la malipo lenye tarehe na kiasi cha kila awamu hadi mwisho. Usifiche shamba wala gari. Wakili wa mdai anaweza kutafuta kwenye usajili wa ardhi na wa magari, na mali iliyofichwa ikitajwa mbele ya hakimu, ombi zima linanuka. Ukiwa na mali, itaje na uiweke kama dhamana: kanuni inairuhusu mahakama kuweka masharti ya riba, ya kuendelea kushikilia mali iliyokamatwa, au ya dhamana. Kuacha hati ya ardhi kwa wakili wa mdai au kortini hadi awamu ziishe kumewaokoa wengi ambao kitita chao cha kwanza kilikuwa chembamba.

Zuio la muda likitolewa, kazi haijaisha. Agizo lazima liandikwe, lipigwe muhuri na limfikie dalali na mdai. Dalali hana deni la kuamini simu yako. Peleka nakala ofisini kwake na upate muhuri wa kupokea, kisha umtumie na barua pepe. Mali iliyonadiwa huku agizo likiwa mkobani kwa wakili ni kesi nyingine nzima.

Yaliyomo kwenye agizo zuri

Hapa ndipo tungependa wasomaji wakae kidogo, maana mawakili kwa haraka zao huandika mstari mmoja: "deni lilipwe kwa awamu za shilingi kadhaa kila mwezi, ikikosekana utekelezaji uendelee." Mstari huo una mashimo.

Tarehe. Usikubali tarehe 30 ikiwa mshahara wako huingia kati ya 28 na 3. Omba tarehe 5 au 10. Njia ya malipo: taja akaunti ambayo pesa zitaingia, kwa kawaida akaunti ya wateja ya wakili wa mdai. Sheria inatambua malipo yaliyofanywa kortini, kwa mdai mwenyewe au kama mahakama ilivyoelekeza, na malipo yasiyo na kumbukumbu yanaweza kukataliwa wakati wa utekelezaji. Pesa taslimu alizopewa mdai barazani kwake, bila karatasi, zihesabu kuwa zawadi. Kumbuka pia kwamba M-Pesa ina kikomo cha 250,000 kwa muamala mmoja na 500,000 kwa siku, hivyo kitita cha kwanza kikubwa kinataka benki, na benki inataka siku moja mbele.

Kisha siku za neema. Kifungu cha kukosa awamu mdai atakitaka na hakimu atakitia. Usipoteze nguvu kukipinga. Omba badala yake kiseme kwamba awamu ikichelewa, mdaiwa apewe notisi ya maandishi ya siku saba au 14 kabla ya hati mpya ya kukamata mali kutolewa. Bila hayo, hitilafu ya benki ya siku moja inaamsha deni lote lililobaki kwa mkupuo. Hili ndilo lililotufanya tunyime nyota moja nzima: huduma inayoweza kuvunjika kwa kuchelewa saa 24 kwenye awamu ya tisa, baada ya nane kulipwa bila doa, ni huduma inayohitaji uangalizi.

La mwisho ni dalali. Ada zake, kwa kawaida, hubebwa na mdaiwa, na haziishi kwa sababu mnada umesimama. Agizo lisipozitaja, utalipa awamu zote kisha uletewe bili yake. Mkishindwa kukubaliana kiasi, Kanuni ya 55 ya Kanuni za Madalali inakuruhusu kuomba msajili au hakimu azipime. Na ikiwa mali imeshachukuliwa, agizo liseme inarudishwa lini na nani anailipia ghala, kwa sababu ada ya kuhifadhi huhesabiwa kwa siku.

Mahali isipofanya kazi

Kanuni hii inahitaji hukumu ya pesa. Pasipo hukumu, haina pa kushika. Mwenye nyumba anayekamata mali kwa kodi ya pango chini ya Sura ya 293, au mkopeshaji wa logibuku (aliyeshikilia kitabu cha gari kama dhamana) anayevuta gari kwa mujibu wa mkataba wa dhamana, hajapitia mlango huo, na ombi la awamu chini ya Kanuni ya 12 litatupwa.

Kosa kubwa zaidi ni la wenye mikopo ya benki iliyowekewa hati ya ardhi. Benki haiendi kortini kutafuta hukumu. Inauza kwa uwezo wa dhamana chini ya Sheria ya Ardhi ya 2012. Huko kuna notisi ya kifungu cha 90 inayotoa angalau miezi mitatu ya kulipa malimbikizo, kisha notisi ya siku 40 ya kifungu cha 96, kisha siku 45 za dalali. Benki ina wajibu pia wa kufanya tathmini na kutafuta bei nzuri inayowezekana, na bei ikiwa chini ya ya soko kwa asilimia 25 au zaidi, sheria inadhania wajibu huo umevunjwa hadi ithibitishwe vinginevyo. Mtu wa benki anazungumza na benki ndani ya ile miezi mitatu, au anaomba nafuu chini ya Sheria ya Ardhi yenyewe ikiwa notisi zina dosari. Anayekaa akingoja kuomba awamu kortini anaipoteza miezi mitatu yenye thamani kuliko ombi lolote.

Usilichanganye pia na zuio la kungoja rufaa, Amri ya 42, Kanuni ya 6. Hilo ni la anayesema hukumu ni makosa. Linataka aonyeshe hasara kubwa, asichelewe na atoe dhamana. La awamu ni la anayekubali anadaiwa. Kuomba yote mawili katika karatasi moja ni kama kusema "sidaiwi, lakini nitalipa pole pole."

Na mwenye wadai wengi, kila mmoja na hukumu yake, asigawe mshahara mmoja kwa maagizo matano. Sheria ya Ufilisi ya 2015 ina utaratibu wake wa agizo la awamu kwa madeni yote kwa pamoja. Huo unastahili tathmini ya peke yake.

Kwa mdai, inalipa?

Tunasema ndiyo, mara nyingi, ingawa wadai hawapendi kusikia. Friji na makochi yaliyotumika huuzwa mnadani kwa bei ya kutupa, ada za dalali zinatolewa kwanza, na pesa ya mnada isipotosha kulipia ada hizo, dalali humgeukia mdai mwenyewe. Njia ya jela ya madai ipo, hadi miezi sita, lakini mdai hulipa gharama za kumweka mdaiwa humo, na aliyeko ndani haleti hela. Kwa deni dogo lenye mdaiwa anayepokea mshahara, awamu zenye riba na kifungu kikali humpa mdai zaidi. Hata kwenye notisi ya kujieleza kwa nini asifungwe, mdaiwa anaweza kufika na pendekezo la awamu, na mdai mwerevu hulisikiliza.

Njia bora kuliko ombi ni makubaliano. Pande zote zikiandika masharti, zikatia saini na kuyawasilisha yawe agizo la mahakama, wakili analipwa barua mbili badala ya mabishano ya miezi, na masharti ya neema hupatikana kwa urahisi zaidi. Ombi lenye mabishano tunaliweka la pili. Makubaliano ya mdomo hatuyapi hata nyota.

Mapato yakianguka katikati, rudi kortini kabla ya tarehe ya awamu inayofuata, ukiwa na ushahidi wa kilichobadilika na historia ya malipo uliyokwisha fanya. Baada ya tarehe kupita, wewe ni mvunja agizo anayeomba huruma. Na wapo wanaofikiri wakivuta miaka 12 hukumu itakufa: sheria ya ukomo inatoa kweli miaka 12, lakini panapokuwa na agizo la kulipa kwa vipindi, muda unahesabiwa kuanzia siku ulipokosa kulipa, si siku ya hukumu.

Awamu ya mwisho ikishaingia, bado kuna karatasi tatu. Barua ya wakili wa mdai inayosema deni, riba na gharama vimelipwa vyote. Kumbukumbu kwenye faili la korti kwamba hukumu imetekelezwa. Na, ikiwa shamba au nyumba ilikuwa imewekewa zuio la mahakama kwenye daftari la ardhi, agizo la kuliondoa, lipelekwe kwenye usajili wa ardhi na liandikwe. Hii ya tatu ndiyo husahauliwa. Daftari halisomi risiti za M-Pesa. Mtu aliyemaliza deni zamani hulikuta zuio lile siku mnunuzi wake anapofanya upekuzi wa hati.